Mkono Wangu, Jina la Saturnino

Kambi Namba Tano, Kauai
2 Machi 1931

Mke wangu Luming,

Mimi mzima, miwa mirefu, msimamizi bado hana utu. Salamu zimeisha, sasa tuje kwenye jambo.

Jana Jumapili, baada ya kupiganisha majogoo, jamaa mmoja aliyetoka Honolulu alileta jarida la Manila. Likapita kitanda hadi kitanda. Lilipofika kwa Saturnino Agbayani, anayelala chini yangu, nikamsikia anapiga mluzi. "Takyo, hebu shuka uone alichokiumba Mungu siku aliyokuwa na nafasi!" Nikashuka. Alichokiumba Mungu ni wewe.

Luming, nilipoondoka Tondo mwaka jana kuja kukata miwa kwa miaka mitatu, nilimwacha mke anayesokota sigara kiwandani. Barua zako zikaniambia umepata kibarua kidogo cha sinema, cha kusimama nyuma ya watu. Mbona kwenye picha hii sioni mtu mbele yako? Umesimama katikati, umevaa gauni la harusi alilokushonea mama yangu kwa macho yake mabovu, na pembeni kuna mwanaume mwenye nywele za mafuta amekushika kiuno. Chini wameandika: "Binibini Iluminada Sandoval, ua jipya la sinema yetu. Bado hajaposwa."

Binibini! Mwali! Mimi niliyewachotea wazazi wako maji na kuwapasulia kuni miezi minane mizima mpaka wakanikubali, mimi ni nani basi? Mchota maji?

Nikawaambia wenzangu, huyo ni mke wangu. Kambi nzima ilicheka mpaka mbwa wakabweka. Saturnino akasema, "Hata wangu pia, tangu nilipofungua ukurasa huu." Unajua ninawaandikia barua wote wasiojua kusoma, wananiheshimu kwa mwandiko wangu, lakini kwa hili wananiona mwongo. Ndani ya jarida kulikuwa na picha zako tatu. Leo zimebandikwa ukutani kwa uji wa wali, moja juu ya kitanda cha Saturnino, na mimi ninapopanda kulala lazima nikanyage pembeni ya uso wako.

Nijibu upesi. Nani amewaambia hujaolewa?

Mumeo (kama bado),
Takyo


Tondo, Manila
20 Aprili 1931

Mume wangu mwenye hasira,

Barua yako nimeisoma mara tatu. Mara ya kwanza nilicheka, ya pili niliona haya, na ya tatu mama yako alikuwa amesimama nyuma yangu akiuliza mwanawe anasema nini. Nikamwambia unasema miwa ni mirefu.

Ni kweli nilikuficha. Wiki mbili za kwanza nilisimama nyuma ya watu, sikudanganya. Halafu yule binti wa mbele akashikwa na tetekuwanga usiku wa kuamkia kazi. Don Hermogenes, ambaye ndiye mwenye kampuni, ndiye mwongozaji na ndiye anayekimbiza turubai mvua ikinyesha, akatutazama wote akasema, "Wewe wa sigara, njoo hapa. Litazame jua, usipepese." Sikupepesa. Hayo tu. Nilikuficha kwa sababu nilijua utaandika barua kama hii uliyoandika.

Kuhusu gauni: kampuni haina nguo, Takyo. Kila mwigizaji huja na zake, na vyombo vyake, na hata kiti chake kama onyesho linataka kiti. Mimi nina nguo mbili za kutokea mbele za watu, na moja ndiyo hiyo. Aliyeipiga pasi ni mama yako mwenyewe. Huja nami kila siku ya kazi, anakaa chini ya mwavuli anatafuna tambuu, na Leopoldo akinishika kiuno kupita alivyoambiwa, mama anatema mate mekundu karibu kabisa na kiatu chake cheupe. Na ungejua kinywa cha Leopoldo kinavyonuka samaki wakavu, ungenihurumia badala ya kuniwekea kinyongo.

Sasa hilo la kuposwa. Don Hermogenes anasema wanaume hawalipi kiingilio kwenda kumtazama mke wa mtu. Akaandika Binibini bila kuniuliza, nami nikanyamaza, na kunyamaza kwangu kukawa kukubali. Hapo nimekosa. Lakini Takyo, miaka sita nimesokota sigara, hata ubwabwa nikila ulikuwa na ladha ya tumbaku. Sasa nikipita sokoni Quiapo watu wanagusana viwiko. Nisikudanganye, napenda. Napenda sana.

Naomba usiwaambie tena huko kambini. Maneno yanasafiri, na Don akisikia nina mume, ninarudi kiwandani siku hiyohiyo.

Luming wako


Kambi Namba Tano, Kauai
28 Juni 1931

Kwa Binibini Iluminada Sandoval,
kwa anwani ya kampuni ya sinema, Manila

Binibini,

Mimi ni mkata miwa tu, na jina langu utalisahau kabla hujamaliza kukunja karatasi hii. Hapa tunaamshwa kwa king'ora kabla ya jua. Majani ya miwa yanakata shingo, na jasho likiingia kwenye mikato mtu hujifunza kutembea kichwa kimeinama. Jioni nikivua viatu ninaitazama picha yako.

Wenzangu wanatazama mdomo wako. Mimi ninatazama kidole chako cha shahada cha mkono wa kulia, ambacho kimepinda kidogo kwenye kiungo, kidole cha mtu aliyefanya kazi ndogondogo kwa miaka mingi. Ninawaza leo kimeshika nini, kimemgusa nani. Uso wako siuombi tena, maana uso sasa ni wa watu wote. Ningeomba kidole hicho kinipapase nyusi mara moja, nikiwa nimefumba macho, na tusiambiane neno lolote.

Nikiwa mbele ya mtu ninayempenda huwa ninauliza maswali ya kijinga. Najua. Yanatoka kabla sijayazuia, halafu ninamwona anavyoumia, na hata hapo ninaongeza lingine. Nikiwa mbali hivi, na wewe hunijui, ndipo ninapoweza kukwambia kwamba sijapata siku hata moja ambayo sikukutaka.

Wako,
Saturnino Agbayani


Tondo, Manila
2 Septemba 1931

Takyo wangu,

Kampuni imepokea barua kumi na moja kutoka Kambi Namba Tano, na zote kumi na moja ni za mkono wako! Nilicheka mpaka Don Hermogenes akaniuliza kama naumwa. Kumbe mume wangu anaajiriwa kumtongoza mkewe. Mmoja anataka kunioa mara moja, mmoja anataka nimwombee kwa Bikira wa Antipolo, mmoja anauliza kama nina dada, hata awe mbaya kidogo.

Halafu nikafika kwa ya Saturnino, na sikucheka. Nilianza kuisoma nimesimama, nikakaa, nikairudia tangu mwanzo.

Takyo, maneno yale ni ya nani? Ninauliza kweli, sikutanii. Tumeishi nyumba moja miaka miwili na hujawahi kuniambia hata nusu yake. Kama ni yako, niambie, nitafurahi mpaka nikose usingizi. Kama ni yake, mwambie nimeshukuru. Kampuni inataka mashabiki wote wajibiwe, kwa hiyo nimemjibu kwa adabu, na picha nimeweka.

Mama yako anakusalimu. Anauliza kama unapata bagoong, ule uduvi wetu wa chumvi, huko au unakula chakula cha Wajapani.

Luming


Kambi Namba Tano, Kauai
15 Novemba 1931

Luming,

Jibu lako kwa Saturnino limefika. Hajui kusoma, kwa hiyo unajua aliyemsomea ni nani. Nilikaa kwenye kitanda chake, wanaume thelathini wamenizunguka, nikasoma kwa sauti maneno ya mke wangu kwa mwanaume mwingine. "Barua yako imenigusa pahali ambapo hapajaguswa siku nyingi." Pahali gani, Luming? Walipiga kelele na miluzi, wakataka nirudie. Nimerudia mara nne. Mara ya nne mmoja akasema, "Takyo, soma vizuri bwana, weka na mahaba kidogo!"

Unauliza maneno ni ya nani. Ni yake. Wao wanasema, mimi ninaandika. Mimi ni mkono tu. Jamaa ana maneno, na mabega anayo, na miaka yake ni ishirini na mitatu. Umejua sasa. Umefurahi?

Nami nina yangu ya kuuliza. Kazi ikiisha nani anakurudisha nyumbani? Mama akiugua nani anakaa na ule mwavuli? Huyo Leopoldo ana mke? Kwa nini uliandika "siku nyingi" wakati ungeweza kuandika "tangu mume wangu aondoke"? Ile picha uliyomtumia mbona mimi sijawahi kutumiwa? Anaibusu kabla ya kulala, mbele yangu, na ananiambia, "Usiku mwema, shemeji," kwa sababu bado wananikejeli kwa yale niliyosema.

Acha sinema. Rudi kiwandani. Sigara hazina macho.

Takyo


Tondo, Manila
10 Februari 1932

Takyo,

Sirudi kiwandani. Na mama yako naye hataki nirudi, kwa sababu Don Hermogenes alipomwona anavyomtemea Leopoldo mate alimpa nafasi ya mchawi. Amecheza picha mbili. Watoto wa mtaani wanamkimbia, naye anatembea amejitutumua kama mke wa gavana.

Kuna jambo jingine. Sinema inaanza kusema. Huku mjini zile za Wamarekani zinasema tangu zamani, na sasa Don ameagiza mashine yake. Kila mmoja wetu anajaribiwa sauti. Leopoldo na kifua chake chote kile, mashine ilitoa kisauti chembamba kama cha kifaranga, maskini ameacha hata kula. Mimi niliambiwa niseme chochote, nikataja majina ya sigara zote nilizowahi kusokota, kubwa hadi ndogo. Don akafumba macho akasema, "Sauti hiyo ina moshi. Tutaitumia."

Kuhusu Saturnino, sawa, maneno ni yake. Umeniambia mwenyewe kwa kalamu yako. Lakini barua zako ninazo kumi na tisa sandukuni, Takyo, na kila moja ni ya polisi. Umefika saa ngapi, ulikuwa na nani, ulivaa nini. Sijawahi kulala na mwanaume mwingine, sijawahi hata kufikiri, na bado kila meli ikiingia ninajiuliza safari hii nimeshtakiwa nini.

Naomba kitu kimoja. Niandikie ukurasa mmoja usio na swali ndani yake. Mmoja tu, na jina lako chini.

Luming


Kambi Namba Tano, Kauai
30 Oktoba 1932

Luming,

Sijakuandikia miezi yote hii kwa sababu nilikuwa ninajaribu ule ukurasa wako. Nimeuanza mara nyingi kuliko utakavyoamini. Kila nikifika mstari wa tatu nakuta nimeandika "na Leopoldo je?" Nikachoka.

Jumamosi iliyopita wameleta picha yako. Shuka likatundikwa ukumbini, jamaa wawili wakakaa mbele na magitaa, na kambi nzima ikajaa, hata Wareno na Wajapani. Mimi nilikaa nyuma kabisa. Ukatokea. Nilikuwa sijakuona kwa miaka miwili na miezi minane, Luming, na nitakwambia kweli, nilisahau kukasirika. Ulikuwa unatembea kwa namna yako ile ya kuburuza kandambili. Nililia gizani, sioni haya kusema.

Ukakaa dirishani, una barua mkononi. Picha ikasogea mpaka barua ikajaa shuka zima, na ilikuwa mwandiko wangu. Mwandiko wangu, ukubwa wa mlango! Ukumbi ukasimama. "Takyo! Takyo, huo si mkono wako?" Hakuna asiyeujua, nimewaandikia wote. Kwa muda mdogo sana hapakuwa na mtu mwenye furaha Kauai kunizidi mimi. Kisha karatasi ikateremka, tukaliona jina la chini. Saturnino Agbayani. Na wewe ukainua karatasi ukaweka midomo yako palepale kwenye jina.

Walimbeba Saturnino mabegani. Walimzungusha ukumbini mara tatu, yeye anacheka, kofia imedondoka. Mimi kuna mtu alinipiga begani akasema, "Nawe umesaidia, mkono wako mzuri."

Ulijua ni mkono wangu, hilo silikatai. Lakini mwandishi wa barua ni kama bomba, maji si yake. Wewe umebusu jina la mwenye maji, mbele ya watu mia nne.

Mkataba wangu unaisha Januari. Meli itafika Manila katikati ya Februari. Kama umeacha sinema, na umemwambia huyo Don wako kwa mdomo wako kwamba una mume, njoo gatini unipokee. Kama bado ni Binibini, usije. Nitajua.

Takyo


Tondo, Manila
14 Desemba 1932

Takyo, mpumbavu wangu,

Meli ya posta imeondoka jana na mimi bado ninafuta machozi, kwa hiyo hii itangoja inayofuata. Ninaiandika hivyohivyo.

Onyesho lilitaka barua ya mapenzi. Nimeshakwambia kila mtu huja na vyombo vyake. Sasa ungetaka nilete ipi kati ya zako? Ningewezaje kuibusu "Jumanne nani alikurudisha nyumbani"? Nilichukua ile kwa sababu ni mkono wako. Don aliniambia, "Tazama karatasi ya mtu unayemkosa." Nikatazama unavyokunja mikia ya herufi, kama ulivyoandika kwenye kikaratasi ulichokipenyeza kwenye ua wetu wakati ule unapasua kuni, na machozi yakaja yenyewe, hawakuhitaji kunikatia kitunguu. Jina nililifunika kwa kidole gumba. Mpiga picha akapaza sauti, "Toa kidole, kinatia kivuli!" Nikatoa. Nilichobusu ni mkono wako, Takyo. Nilidhani utaiona utacheka. Nilidhani utakuwa wewe peke yako katika ukumbi mzima unayejua.

Basi, umesema nichague. Jana asubuhi nimekwenda kwa Don Hermogenes. Nimemwambia nina mume, anaitwa Eustaquio Lagman, yuko Kauai anakata miwa na anarudi Februari. Picha yetu ya kwanza itakayosema inaanza baada ya mwaka mpya, na nafasi ya mbele ilikuwa yangu, ilikuwa hata imeshapelekwa kwa wenye majarida. Sikuambiwa neno baya. Alivua miwani, akaifuta, akasema, "Basi nitamchukua Consuelo," mwigizaji mwenzangu.

Nilirudi kwa miguu ninalia barabarani, na watu walionitambua wakasimama kutazama, wakidhani kuna kamera mahali. Sasa najua unavyojisikia, maana ninamwonea Consuelo wivu. Jana usiku nilimwota ana sauti ya chura, nikaamka nimefurahi. Lakini nimeshasema, na sirudi nyuma. Nitakuwa gatini, mimi na mama yako. Utatuona kabla hatujakuona.

Luming wako


Kambi Namba Tano, Kauai
16 Januari 1933
(kwa mkono wa Saturnino Agbayani)

Luming,

Anayekupa barua hii ni Saturnino. Mkataba wake umeisha pamoja na wangu na anarudi kwao Ilocos. Nimempa yeye kwa sababu hatakosa kukutambua, na wewe najua hutakosa kuja kumpokea.

Meli ya mwaka mpya haikuleta barua kutoka kwako. Imeleta jarida. Ukurasa wa pili wameandika, "Picha ya kwanza ya kampuni itakayosema: nafasi ya mbele ni ya Binibini Iluminada Sandoval." Nililisoma mara moja, inatosha. Siku ileile nikaenda ofisini nikatia saini miaka mitatu mingine. Karani akaniuliza, "Wewe huna kwenu?" Nikasema sina.

Ulitakiwa kuchagua, na umechagua. Huyu hapa, mtazame mabega. Sasa huna haja ya karatasi.

Mwambie mama nitamwandikia mwenyewe.

Takyo


Tondo, Manila
20 Februari 1933

Eustaquio,

Nilikwenda gatini tarehe kumi na nne. Mama yako alipika bibingka, mkate wa mchele unaoupenda, tangu alfajiri, akaifunga kwenye jani la mgomba ifike kwako ikiwa ya moto. Mliteremka wengi, nasema mliteremka kwa sababu mpaka leo ulimi unakuhesabu, mmevaa suti za Kauai na viatu vya rangi mbili. Mama alikuwa anamshika kila mmoja mkono anamtazama uso, kwa sababu ya macho yake. Watu walipokwisha akawa ameshika mkono wa baharia.

Wa mwisho alikuwa kijana mmoja. Alivua kofia akasema, "Binibini, mimi ndiye Saturnino," akanipa karatasi yako. Niliisoma palepale, jua limetuwakia. Mama yako akaniuliza mwanawe anasema nini. Safari hii nilimwambia. Hakulia, alikaa juu ya furushi la mtu akaanza kuila ile bibingka, polepole, mpaka ikaisha.

Treni ya Saturnino ilikuwa ya kesho yake, kwa hiyo tukamkaribisha. Alikula na sisi, anaogopa hata kuinua macho. Nikamuuliza, "Kaka, yale maneno ya kidole changu na nyusi zako, uliyatoa wapi?" Akawa mwekundu mpaka masikioni. Akasema, "Binibini, mimi nilimwambia Takyo tu, mwandikie yeye ni mzuri na ninamtakia afya. Takyo akakaa na karatasi siku mbili, hata jogoo wake hakumlisha. Aliponisomea nikamwambia, bwana, haya ni mengi mno kwangu, yapunguze. Akasema, nikipunguza neno moja siandiki."

Basi yalikuwa yako. Nilikuuliza ni ya nani, ukaniandikia ni ya mwingine. Nikakuomba ukurasa mmoja wenye jina lako, sikuupata. Na maneno yote ulikuwa nayo, Eustaquio, ulikuwa nayo muda wote, ukampa mtu aliyekuwa hayataki, halafu ukakaa kitanda cha juu ukamwonea wivu. Mimi ukaniachia maswali.

Niliposikia hivyo nilifurahi kwanza. Nataka ujue hilo. Nilifurahi kama msichana, nikasimama kukutafutia kalamu na karatasi. Ndipo nikakumbuka ile miaka mitatu mingine uliyoitia saini.

Barua yangu ya Desemba utakuwa umeshaipata. Najua utajuta, na najua utaandika, na labda safari hii utaandika vizuri kuliko ya Saturnino. Siwezi kuingoja. Nimeshangoja mara moja, kila siku ya miaka mitatu, na mtu niliyemngoja alilisoma jarida mara moja tu, akaenda ofisini.

Jana nimekwenda kwa Don Hermogenes. Consuelo mashine imemkataa. Don aliniuliza tena mbele ya karani kama nina mume, na hakunitazama alipokuwa anauliza, alikuwa anafuta miwani yake. Chumba cha pili mashine ilikuwa inazunguka, wanajaribu sauti ya mtu. Nikasema sina. Akanisogezea karatasi, nikatia saini. Ni miaka mitatu.

Mama yako anabaki nami, kwa hiari yake. Ninakupenda, sitakudanganya, na nimekulilia siku ambazo hapakuwa na kamera wala mtu wa kuniona. Lakini nyumba ya Tondo tunahama mwisho wa mwezi, na ninakohamia sitakwambia. Ukitaka kuniandikia, andika kwa anwani ya kampuni, kama wengine.

Iluminada Sandoval